Kosa la milioni saba: kampuni ya utalii ya Arusha mbele ya benki yake

Faili lilinifikia Aprili 2023 likiwa ndani ya kiroba cha mchele. Binti wa mkurugenzi ndiye aliyelileta ofisini kwangu, akalitua mezani na kuniambia, "Kaka, shikamoo. Baba anasema hesabu za benki zina kosa. Wewe litafute tu, wakili atamalizia."

Kosa nililipata siku ya tatu. Lilikuwa kosa la kweli, si la kubahatisha, na mpaka leo naamini ndilo lililowapotezea nyumba.

Majina siyataji, ya kampuni wala ya benki, na tarakimu nimezizungusha kidogo bila kuharibu uwiano wake. Mimi ni mhasibu, si mwanasheria. Ninachokichambua hapa ni hesabu, na sheria naigusa pale tu inapokutana nazo.

Kampuni ilianza na gari moja. Mzee mwenyewe alikuwa dereva na mwongoza wageni, mkewe anapanga chakula cha kambi. Kufikia 2018 walikuwa na Landikruza tatu zilizorefushwa na kufunguliwa paa katika gereji za hapa hapa Arusha, na mawakala wawili wa Ulaya waliowaletea wageni wa uhakika kila msimu. Wakataka magari mengine matatu, mahema mapya, na kuzima overdrafti ya zamani, yaani deni la kuchota benki zaidi ya salio, iliyokuwa ikiwala pole pole. Juni 2018 benki ikawapa mkopo wa shilingi milioni 480, riba asilimia 18 kwa mwaka, miezi 60. Rejesho likawa kama milioni 12 na laki 2 kwa mwezi.

Dhamana zilikuwa tatu, na watu wengi hawazitofautishi. Kwanza nyumba yao ya Njiro iliwekwa rehani, mke naye akasaini ridhaa kwa sababu Sheria ya Ardhi haitambui rehani ya nyumba ya ndoa ambayo mwenzi hakuiridhia. Pili, kadi za magari matatu mapya zilibaki benki. Tatu, na hii ndiyo waliyoisahau kabisa, Mzee na mkewe walisaini dhamana binafsi kama wakurugenzi. Kampuni ina nafsi yake kisheria, sawa, lakini ukishasaini karatasi ile, ukuta kati ya mfuko wa kampuni na wako umeuvunja mwenyewe. Nilipomuuliza Mzee kuhusu dhamana binafsi alinijibu kwamba hakumbuki kuisaini. Saini yake ilikuwa chini ya kila ukurasa.

Marejesho 21 ya kwanza yalilipwa bila kuchelewa hata siku moja. Nayasema haya kwa sababu wadaiwa wa benki wakisimuliwa, husimuliwa kama watu waliokopa wakiwa na nia ya kutolipa. Hawa walilipa. Machi 2020 deni lilikuwa limeshuka hadi milioni 358.

Halafu Corona. Katikati ya Aprili ndege za abiria za kimataifa zikasimamishwa kuingia nchini, zikaruhusiwa tena Mei 18, lakini anga kufunguliwa si sawa na mgeni kupanda ndege. Watalii walioingia Tanzania mwaka 2019 walizidi milioni 1.5, mwaka 2020 wakawa kama laki 6 na elfu 20. Aliyekuwa Arusha mwaka ule anakumbuka ofisi za safari zilizofungwa hapo Mnara wa Saa na madereva waliogeuka kuuza parachichi. Mei 2020 Benki Kuu ilishusha riba inayoyatoza mabenki kutoka asilimia 7 hadi 5, ikapunguza kiwango cha amana za lazima, zile ambazo kila benki hutakiwa kuziweka Benki Kuu, kutoka asilimia 7 hadi 6, na ikayalegezea mabenki masharti ili yakae na wakopaji walioumia na kupanga upya mikopo yao. Benki yetu ilifanya hivyo. Kampuni ikapewa mapumziko ya miezi tisa, Aprili mpaka Desemba.

Hapa ndipo ningeomba msomaji asimame kidogo. Mapumziko ya kulipa si mapumziko ya riba. Riba ya kila mwezi isiyolipwa ilijumlishwa kwenye deni, mwezi uliofuata ikazaa riba juu ya riba, na Desemba milioni 358 ilikuwa imekuwa milioni 409. Familia nzima iliamini kwamba benki imewasamehe miezi tisa. Milioni 51 ziliingia nyumbani kimya kimya, hakuna aliyezifungulia mlango.

Januari 2021 ukasainiwa mkataba mpya: milioni 409, miezi 48, riba ile ile, rejesho milioni 12. Kifungu cha riba ya adhabu kilisema asilimia 3 ya ziada kwa mwaka itatozwa juu ya "marejesho yaliyocheleweshwa". Maneno hayo mawili yakumbuke. Walilipa Februari hadi Juni, deni likashuka hadi kama milioni 379, na baada ya hapo hawakulipa tena. Watalii walianza kurudi mwaka ule, lakini si kwa kasi ya kulipa milioni 12 kila mwezi, na mmoja wa wale mawakala wa Ulaya alikuwa amefunga biashara akiwa bado na fedha zao.

Novemba 2021 Mzee akaiandikia benki barua. Ukurasa mmoja, kwa mkono, kwa Kiswahili kizuri cha mtu aliyesoma shule za zamani: anakiri deni lote kama lilivyoandikwa katika taarifa ya akaunti, anaomba avumiliwe mpaka msimu wa Julai. Hakumwonyesha mtu kabla ya kuipeleka. Benki haikujibu. Afisa mikopo aliyewajua alikuwa amehamishwa, aliyefuata akakaa miezi minne, na mkopo ulikuwa umeshapita siku 90 bila rejesho, maana yake umekwishaingia kundi la mikopo chechefu na kuhamia kitengo cha urejeshaji. Kule hakuna anayemfahamu mtu. Kuna namba ya akaunti na thamani ya dhamana.

Februari 2022 ikaja notisi ya siku 60 kwa mujibu wa Sheria ya Ardhi, ikidai milioni 434 na ushee. Kisheria benki ingeweza kungoja siku zile ziishe, ikampa kazi dalali, likatoka tangazo la siku 14 na nyumba ikapigwa mnada bila kupita mahakamani hata kidogo. Kwa nini basi ilifungua kesi? Kwa sababu ya hesabu ndogo. Mthamini aliipa nyumba thamani ya soko ya milioni 420, na thamani ya mauzo ya haraka milioni 315. Mnada usingemaliza deni. Magari yangesaidia, lakini magari, nitakayoyaeleza punde, yalikuwa hayaonekani. Benki ilitaka hukumu dhidi ya kampuni pamoja na wadhamini wawili, ili hata baada ya nyumba kuuzwa iendelee kuwafuata kwa kitakachobaki. Julai 2022 hati ya madai ikapokelewa Mahakama Kuu, Divisheni ya Biashara, ile iliyoanzishwa mwaka 1999 na yenye masjala ndogo Arusha. Wadaiwa wakapewa siku 21 kuleta utetezi wa maandishi.

Utetezi ulikuwa na miguu mitatu.

Wa kwanza ulikuwa Corona: kwamba janga liliufanya mkataba usitekelezeke. Huu haukuwa na maisha. Mkataba unaodaiwa ulisainiwa Januari 2021, janga likiwa tayari lipo na kila mtu analijua. Na biashara kukosa wateja, hata iwe bila kosa lako, haifanyi kulipa fedha kuwe jambo lisilowezekana kisheria. Inakufanya tu usiwe nazo.

Wa pili ulikuwa ridhaa ya mke. Wakili alipendekeza mama aseme aliisaini karatasi bila kuelezwa ni ya nini. Utetezi huu ni wa kawaida mno katika kesi za rehani, na zipo kesi ambazo ni wa haki kabisa, za wanawake walioamkia tangazo la dalali getini bila kujua nyumba iliwekwa lini. Hapa haukuwa wa haki. Binti aliniambia kwamba mama yake alisikiliza mpaka mwisho, akafunga khanga yake vizuri, akasema, "Mimi nilisaini nikiwa na akili zangu, na chai ya benki nilikunywa. Siendi kuapa uongo mbele ya Jaji." Mguu wa pili ukakatika pale pale sebuleni, na katika kiroba chote kile sijaona kitu kilichonipa heshima kwa mteja kuliko hicho.

Ukabaki mguu wa tatu: kwamba hesabu za benki si sahihi. Ukweli ni kwamba hazikuwa sahihi. Mzee alilihisi mapema, kwa macho ya mtu aliyezoea kuhesabu lita za dizeli, ila alishindwa kusema kosa liko wapi. Alichojua ni kwamba anaonewa.

Nilipanga taarifa za akaunti sakafuni mwezi kwa mwezi, kuanzia Julai 2021 hadi Februari 2022. Mkataba unasema adhabu itozwe juu ya marejesho yaliyocheleweshwa. Julai limechelewa rejesho moja, milioni 12. Agosti mawili, milioni 24. Na kuendelea hadi Februari, manane, milioni 96. Asilimia 3 kwa mwaka ni robo ya asilimia kwa mwezi. Ukikokotoa miezi yote minane, adhabu halali haifiki hata milioni 1 na laki 1. Mfumo wa benki ulikuwa umetoza robo ile juu ya deni zima, milioni mia tatu na themanini kwenda juu, kila mwezi. Jumla milioni 8 na laki 1.

Tofauti: milioni 7.

Nilirudia mara tatu. Nikampigia binti simu, naye akamwita baba yake, na nikasikia nyuma ya simu sauti ya Mzee: "Nilisema! Si nilisema?" Ilikuwa furaha ya mtu aliyekaa mwaka mzima akiitwa mdaiwa sugu, leo ameambiwa kwamba hakuwa mwendawazimu.

Sikuwa na ujasiri wa kumalizia hesabu kwenye simu, kwa hiyo niliwaomba waje. Nikawaandikia kwenye karatasi mistari miwili. Mstari wa kwanza: kosa la benki, milioni 7. Mstari wa pili: riba halali ya mkopo, asilimia moja na nusu kwa mwezi, juu ya deni sahihi la milioni 427 na laki 7, ni milioni 6 na laki 4 kila mwezi. Kosa lote walilokuwa wakilipigania lilikuwa sawa na riba ya mwezi mmoja na siku chache. Na tangu notisi ilikuwa imepita miezi 14. Deni sahihi, hesabu yangu na si ya benki, lilikuwa sasa milioni 527, kabla ya kuongeza adhabu ya baada ya notisi. Katika kugombea milioni 7 walikuwa wameshatoa milioni 99, ukiacha ada ya wakili na nauli za mashahidi ambao hata hawakuwa wameanza kusikilizwa.

Tena kosa lenyewe lilikuwa limeishia Februari 2022. Kwa notisi ile benki ililiita deni lote, na deni lote likawa limecheleweshwa kwa maana ya mkataba. Kuanzia hapo mfumo ulikuwa unatoza sawasawa.

Halafu kuna magari. Notisi ilipoingia, shemeji mmoja mwenye maneno mengi aliwaambia wayafiche kabla dalali hajaja. Wakayapeleka yote sita, hata yale matatu ya zamani ambayo hayakuwa dhamana ya mtu, kwa ndugu huko Tengeru, yakafunikwa maturubai katikati ya migomba. Nilikwenda kuyaona. Matairi yamekaa chini, betri zimekufa, panya wametafuna nyaya na kuzaa ndani ya kiti cha nyuma. Juu ya paa moja kulikuwa na mkungu wa mshare umeegemea kana kwamba gari ni ukuta. Mwaka huo wa 2022, magari yakiwa mgombani, watalii walioingia nchini walikuwa zaidi ya milioni 1 na laki 4, karibu sawa na kabla ya janga. Wakala aliyebaki wa Ulaya aliandika barua pepe mara nne kuuliza kama wanaweza kupokea kundi. Binti alizichapisha zote, zilikuwamo kirobani.

Watu huniuliza kama benki haikuwa na lawama. Ilikuwa nayo. Mfumo uliokokotoa kinyume cha mkataba ni kosa la benki, na sina shaka akaunti yao haikuwa pekee. Barua ya Novemba isiyojibiwa ni utovu wa adabu, na mahakamani ilikuwa mbaya zaidi: iliambatishwa kwenye hati ya madai kama kielelezo. Barua ya kuomba huruma ikageuka ushahidi wa kukiri deni, na Kanuni za Mwenendo wa Madai zinamruhusu mdai kuomba hukumu juu ya kile ambacho mdaiwa amekwisha kukikiri. Sisemi Mzee hakupaswa kuandika. Angeongeza sentensi moja tu: deni tunalikubali, hesabu ya adhabu tunaomba ipitiwe. Benki ingelazimika kupitia, au ikae na sentensi hiyo mbele ya Jaji.

Lakini swali lililonisumbua ni jingine: Machi 2022, notisi ikiwa mkononi, kulikuwa na njia gani? Nimeikokotoa mara nyingi. Magari mawili kati ya yale mapya yangeuzwa kwa ridhaa ya benki, tuseme milioni 90 kila moja, soko lilikuwa bado gumu. Deni lingeshuka hadi kama milioni 248. Likipangwa upya kwa miezi 48, rejesho ni milioni 7 na laki 3, si 12. Yangebaki magari manne, msimu wa Julai unakuja, wakala anapiga hodi, na nyumba iko pale pale. Je, benki ingekubali? Siwezi kuapa. Ila kitengo cha urejeshaji hupenda fedha taslimu mezani kuliko kesi, na hakuna aliyekwenda kuwauliza. Mtu anayeamini ameonewa haendi kupatana. Anaona kupatana ni kukiri. Milioni 7 zile zilimpa Mzee haki ya kukasirika, na hasira ikamkalisha pale kwa miezi 14.

Usuluhishi wa lazima, ambao kesi zote za pale hupitishwa, ulikuwa umeshavunjika Januari 2023 kwa sababu kila upande ulikuja na hesabu yake na hakuna aliyeziweka pamoja. Mei tuliomba kukutana tena nje ya mahakama, safari hii nikiwa na jedwali la ukurasa mmoja. Mwanasheria wa benki, dada mmoja mkimya, aliliangalia kwa dakika kama tano, akauliza maswali mawili, akasema, "Kwenye adhabu mko sahihi." Kila mtu akanyamaza. Mzee alitazama dirishani.

Kilichofuata kilikwenda haraka. Tuliomba nyumba iuzwe na familia yenyewe badala ya dalali. Sheria humtaka mwenye rehani, yaani benki, atafute bei nzuri inayopatikana, na bei ikiwa chini ya soko kwa asilimia 25 au zaidi hudhaniwa kwamba hakufanya hivyo. Lakini mnunuzi wa mnada analindwa vizuri, kwa hiyo unachobaki nacho ni kuidai benki fidia, kesi nyingine, miaka mingine. Mnunuzi alipatikana ndani ya wiki saba, daktari wa hapa mjini, kwa milioni 390. Baada ya kodi na gharama zikabaki milioni 372. Magari mawili mapya yalivutwa kutoka Tengeru mpaka mtaa wa Unga Limited, yakatengenezwa, yakauzwa milioni 65 kila moja. Benki ikakubali milioni 500 kumaliza kila kitu, ikaachia riba ya adhabu yote na sehemu ya riba ya kawaida, na wadhamini wakafunguliwa. Hati ya makubaliano ikasajiliwa mahakamani ikawa tuzo, yaani amri ya mahakama. Zilibaki milioni 2, zikanunua matairi.

Sasa wamepanga Usa River, nyumba ndogo yenye bustani ambayo mama ameijaza mchicha na mnafu. Binti ndiye anayeendesha kampuni, magari manne, bila mkopo. Wakala yule bado analeta wageni.

Siku ya kusaini, wakili alipokuwa anakusanya nakala, Mzee aliomba ukurasa wa pili peke yake. Ndipo penye aya isemayo kwamba mdai ameondoa riba ya adhabu kutokana na dosari katika ukokotoaji. Aliusoma akiwa amesimama, kidole kikifuata kila neno, kisha akaukunja mara nne. Nilipopanda gari lake mwezi uliopita kwenda Moshi, karatasi ile ilikuwa bado imebanwa kwenye kizuia jua upande wa dereva, mahali ambapo madereva wengine huweka leseni.